Hesabu za Kurefusha Ijumaa

Nilifundisha hesabu katika shule za msingi kwa miaka mingi, lakini hesabu ngumu kuliko zote nilizowahi kujifunza nilifundishwa na mama mkwe wangu, mwanamke aliyekaa darasani mwaka mmoja tu. Nitajaribu kuzieleza hapa polepole, kwa sababu nami nilizielewa polepole. Asiyezishika mara ya kwanza asijilaumu.

Niliolewa mwanzoni mwa miaka ya sabini. Nilikuwa nimekulia Nyanchwa, kwenye kilima kilichopakana na mji wa Kisii. Baba yangu alikuwa karani, na sisi watoto wake tuliyajua mashamba kwa kuyatazama kutoka barabarani. Nikaolewa upande wa Nyamira, penye mteremko ambao ukiweka sufuria chini lazima uitegee jiwe. Mume wangu alikuwa mwalimu kama mimi, katika shule ya mbali, na alirudi nyumbani mwisho wa wiki tu. Baba mkwe alikuwapo kila siku, lakini kati ya mke wa mwana na baba mkwe kwetu kuna heshima kali tunayoiita chinsoni: haingii nyumbani mwako, humtazami usoni, na akitaka kukuambia jambo humwambia mtu mwingine nawe unasikia. Kwa hiyo aliyebaki wa kuzungumza nami alikuwa mama mkwe, na mama mkwe alikuwa na hesabu zake.

Hakuwa na jina la mambo yale. Alisema tu "kuuhesabia wakati", kama mtu anavyosema kumkatia ng'ombe majani. Mafundisho yenyewe yalikuwa hivi.

Katika Ekegusii, sita, saba na nane hazina majina yake zenyewe. Tunasema tano na moja, tano na mbili, tano na tatu. Halafu inakuja tisa, nayo ghafla ina jina lake peke yake, kianda, jina lisiloegemea tano wala kumi. Wengi wetu hulitamka bila kuwaza. Mama mkwe alikuwa amewaza. Kwake yeye, kumi ni mlango wa wakati na kianda ni bawabu wake. Ukitaka wakati uende mbio, mpite bawabu: sema kumi kwa sauti, kisha anza tena, na kila kumi ni mlango mmoja umefungwa nyuma yako. Ukitaka wakati ukawie, panda mpaka kianda, nyamaza kidogo, kisha urudi kwenye moja. Wakati utabaki umesimama nje kama mgeni aliyekohoa mlangoni, akawasikia wenyeji wanahangaika kupanga viti. Mgeni mwenye adabu hataingia.

Nambari haifanyi kazi hewani. Ni lazima iguse kitu: punje, jiwe, pigo la jembe. Tena haigusishwi kitu chenye pumzi. Watu hawahesabiwi, wala ng'ombe, wala kuku na vifaranga wake, maana kukihesabu ni kukipunguzia siku. Aliponiuliza darasani kwangu kuna watoto wangapi, nikataja idadi, alifunika mdomo kwa kiganja na kunielekeza jibu sahihi, ambalo ni "wengi, na wazima".

La mwisho ndilo lililonitia matatani. Ukikosea hesabu katikati, unautoboa wakati, na lolote ulilolifanya penye tundu hilo litakurudia ulifanye upya.

Nilikuwa msichana wa chuo, nimesoma, na mwanzoni nilisikiliza kwa tabasamu la mtu aliyesoma. Siku moja wageni walitufikia ghafla na maharagwe yalikuwa ndiyo kwanza yameingia chunguni. Mama mkwe akaketi karibu na moto na kuanza kufunga kumi baada ya kumi kwa punje za mahindi, na maharagwe yakaiva kabla wageni hawajamaliza kusimulia safari. Nilimwambia kwa upole kwamba nilimwona akiyaloweka tangu jana yake.

"Na ni nani aliyenikumbusha kuyaloweka?" akaniuliza.

Nikainuka nikawapakulia wageni.

Baba mkwe hakuyapenda mambo hayo ya kuuhesabia wakati. Alikuwa mzee wa kanisa la Waadventista, mwenye saa ya mfukoni yenye mnyororo, na kila Ijumaa jioni yeye ndiye aliyetangaza kwamba jua limezama na Sabato imeingia. Alisema kulisimamisha jua ni kazi ya Mungu. Mama mkwe alimjibu kwamba jua hajaligusa na hana haja nalo. Yeye alishughulika na wakati, ambao ulipita jikoni kwake kila siku bila kubisha hodi.

Sasa nieleze habari ya kile kishamba, maana bila hicho kisa hiki hakina uzito.

Miaka ile chai ilikuwa ikishuka mteremko wetu msimu baada ya msimu. Siisemi vibaya, wanangu wamesoma kwa chai. Lakini kila iliposhuka, wimbi, yaani ulezi, lilirudi nyuma, mpaka likabaki mahali pamoja tu, kishamba cha chini ya nyumba, kando ya migomba. Kilikuwa cha mama mkwe. Alikuwa amelima wimbi hapo tangu alipoletwa bi harusi, na wimbi hilo ndilo lililotoa uji wa kila mzazi wa ukoo na ugali mweusi wa kila mgeni wa heshima. Mwaka mmoja kabla sijaja, mgongo ulimuuma, magugu yakalishinda wimbi, na wanaume wakaanza kukitazama kishamba kwa macho ya chai. Miche ikatayarishwa kitaluni. Nilipoolewa, mama mkwe akaomba msimu mmoja tu. Wakapatana mbele yetu sote: wimbi likishika vizuri mwaka huu, kishamba ni chake, likishindwa tena, chai iingie naye asinung'unike.

Wimbi halipaliliwi na mtu mmoja likaisha. Ndiyo maana wanawake wa kilima chetu walikuwa na egesangio, yaani kikundi cha kulimiana kwa zamu: leo kwako wote, kesho kwangu wote. Zamu ya mtu ikipita hairudi mpaka wiki mbili zipite, na wiki mbili kwa wimbi changa lililozingirwa na magugu ni hukumu. Zamu ya mama mkwe iliangukia Ijumaa, katika likizo ya Aprili, nami nikiwa nyumbani.

Siku hiyo mvua, ambayo kwa kawaida hutungoja mchana, ilianza alfajiri na kunyesha mpaka adhuhuri. Tulikaa jikoni tukipika vyakula vya Sabato na kuutazama mlango. Ilipokatika, wanawake walifika wakiwa wamejifunga makaratasi ya plastiki, na sote tulijua bila kuambiwa kwamba kazi ya siku nzima imebakiwa na alasiri. Zaidi ya yote, jua likizama, kazi inakwisha. Hakuna palizi ya Sabato.

Mama mkwe akagawa mistari, kila mtu wake. Wangu ulikuwa ule mpana wa kando ya njia, chini ya migomba, kwa sababu udongo wake ni laini na mikono yangu ilikuwa ya chaki. Kisha akasema mbele ya wote kwamba mwalimu ndiye atakayehesabu. Kila gugu nitakaloling'oa liwe nambari moja, nipande mpaka kianda, ninyamaze, nirudi. Wengine wangefanya haraka, mimi ningeushikilia wakati mlangoni.

Niseme kweli, niliona fahari. Nilikuwa mgeni, jembe langu dogo lilikuwa jipya kiasi cha kuaibisha, na hapa nilikuwa nimepewa kazi ya kuhesabu, kazi yangu hasa. Nikachuchumaa na kuanza.

Hapa inabidi nimfafanulie asiyelima. Katikati ya wimbi huota nyasi inayofanana na wimbi kama pacha, wimbi mwitu. Zikiwa na urefu wa kidole, jani ni lile lile na rangi ni ile ile. Tofauti iko chini: shina la mwitu limebapa na ni jeupe penye udongo, na mizizi yake imeshika kana kwamba imeahidiwa urithi. Mama mkwe alinionyesha, akaning'olea moja la mfano, nikaitikia. Lakini nikiwa nahesabu, macho yangu yalikwenda kwenye nambari. Mkono ukabaki peke yake, na mkono ukafuata akili ya mtu wa mjini, kwamba kilichoshika imara ndicho chakula na kinachotoka kwa urahisi ndicho takataka. Nikang'oa vilaini na kuviacha vigumu. Nilikwenda vizuri sana. Nilifika karibu mwisho wa mstari huku nikijipongeza kwa mwendo wangu.

Aliyegundua ni jirani yetu Mkatoliki, mwanamke mrefu ambaye kicheko chake kilitangulia kufika kabla yake. Alikuwa amemaliza mstari wake na kuja kunisaidia. Akainama juu ya lundo langu, akaokota mche, akautazama, akautazama mstari, na kwa mara ya kwanza tangu nimjue hakucheka.

"Mama," alimwita mama mkwe, "mwalimu wako ameyapalilia magugu. Ameyaondolea wimbi lililokuwa likiyasumbua."

Wanawake waliinuka wote. Mama mkwe alikuja taratibu akiushika mgongo. Hakunigombeza. Alilitazama lundo, kisha akainua macho kuelekea juu, kwenye chai. Mstari wangu ulikuwa karibu robo ya kishamba, tena ndio uliokuwa kando ya njia, ambao mtu akishuka kutoka nyumbani huuona kwanza. Nilijua anachokifikiri na nilitamani ardhi inifunike.

Kisha akaniuliza, kama daktari anayemuuliza mgonjwa alichokula. "Ulisema kumi?"

"Sikusema, mama."

"Na moyoni?"

Nilitaka kukana, lakini nikakumbuka. Katikati ya mstari nilikuwa nimechoka kusema tano na moja, tano na mbili, na bila kujijua nikahamia kwenye hesabu za darasani, kwa Kiswahili, mbio mbio, moja mbili tatu, na nilipofika tisa ulimi wa ndani uliendelea wenyewe. Mwalimu amezoea kumi. Nikakiri.

Minong'ono ya nafuu ikapita. Walichekelea, wakagongana viwiko. Basi ndilo lile tundu, wakasema. Walikuwa wamepata sababu, na sababu hiyo ilikuwa na dawa yake: lililofanywa penye tundu hufanywa upya. Mama mkwe tayari alikuwa amepiga magoti, akitenganisha miche na vidole.

"Wimbi halifi kwa kuhamishwa," alisema. "Hufa kwa jua. Na leo jua liko wapi?"

Halikuwapo. Wingu lilikuwa limetanda kutoka kilima hadi kilima, udongo ulikuwa mbichi kama uji, na miche ilikuwa haijanyauka hata jani. Tukang'oa mwitu wote, safari hii kila mtu akinionyesha shina la chini kana kwamba mimi ni kipofu. Kisha tukaanza kurudishia wimbi, tundu la kidole, mche, kubana udongo. Wote kwa pamoja tulihesabu matundu kwa sauti. Tulipofika kianda, tulinyamaza sote mara moja, na katika ukimya huo ulisikia maji yakidondoka kutoka kwenye migomba. Kisha moja. Sijawahi kuwa na darasa lililokwenda pamoja namna ile.

Tulikuwa tumebakisha theluthi ya mstari baba mkwe alipotokea juu ya njia akiwa amevaa koti la Sabato na saa mkononi. Kwa sababu ya chinsoni alisimama ubavu, akizungumza na migomba.

"Mama watoto, Ijumaa inakwisha."

"Jua limezama?" mama mkwe akauliza bila kuinua kichwa.

"Saa inasema linakaribia."

"Sikuulizia saa."

Jirani Mkatoliki akadakia kwamba wasihangaike, siku yake ya kupumzika bado, likizama wamwachie yeye amalizie.

"Ndani ya boma langu hata punda anapumzika," baba mkwe akajibu.

"Haya, mimi na punda tumekusikia," akasema yule jirani, na kicheko chake kikarudi.

Baba mkwe akauliza kwa nini shamba limekuwa na miche inayopandwa badala ya kupaliliwa. Mama mkwe akamweleza kwa maneno machache, bila kunitaja kwa ukali, lakini bila kuficha. Nilikuwa nimeinamisha uso karibu na udongo. Kwa pembe ya jicho niliyaona mabega ya koti la Sabato yakitikisika. Kisha akaigeukia migomba kabisa, akakohoa mara mbili, akatazama magharibi kwenye wingu zito, akairudisha saa mfukoni.

"Siwezi kushuhudia nisichokiona," alisema. "Jua likizama, nitasema."

Akabaki pale, mikono nyuma. Mimi ndiye niliyekuwa karibu naye zaidi, kwa sababu mstari ulikuwa wangu na mwisho wake ulikuwa njiani. Sauti zetu zilipanda, zikanyamaza, zikaanza tena. Na katika zamu mojawapo nikaisikia sauti nyingine juu ya kichwa changu, ya chini sana, ya kiume: tano na mbili, tano na tatu, kianda. Ikanyamaza pamoja nasi. Ikaanza moja pamoja nasi. Heshima haikuniruhusu kugeuka wala kumweleza mtu, na hii ndiyo mara yangu ya kwanza kulitaja jambo hili.

Tukamaliza. Tuliponyoosha migongo, wingu lilikuwa limepasuka kidogo chini, juu ya vilima vya mbali, na jua lilikuwa bado lipo, jekundu, limebakiza ukucha. Nimewahi kuufafanua upande wa pili wa jambo hili kwa wanangu. Huenda saa ile ilikuwa mbele. Mikono ilikuwa mingi, na sitasema ya watu wangapi. Kazi ikifanywa kwa mdundo mmoja huenda haraka. Yote hayo ni kweli, na nimeyatazama sana, na jua lilikuwa bado lipo.

"Limezama," baba mkwe alitangaza muda mfupi baadaye, na wanawake wakakimbilia makwao kuoga.

Siku ya Sabato nilikaa kanisani nikiwaza miche. Jumapili alfajiri nilikwenda kutazama. Ilikuwa imelala chini yote kama nywele zilizolowa. Nikaanza kuhesabu iliyosimama, na sauti ya mama mkwe ikaniambia kutoka nyuma niache, ile sasa ina pumzi. Nikaacha kwa mdomo. Kwa macho nilihesabu, na idadi niliyoipata siku hiyo ilikuwa ndogo kiasi kwamba nilimshukuru kwa kunikataza. Siku ya Jumatano sikuweza tena kuhesabu hata kwa siri, kwa sababu iliyosimama ilikuwa mingi mno.

Wimbi lililohamishwa hukawia, lakini hujitanua. Likizo ya Agosti ilipofika, kishamba kizima kilikuwa cha kahawia isipokuwa mstari wangu, uliokuwa bado kijani na umejaza machipukizi kuliko mingine yote. Tulivuna kilichoiva, tukikata masuke kwa visu vidogo, na mimi nikapewa kazi ya kuulinda mstari uliobaki dhidi ya ndege. Nilikaa pale karibu wiki mbili nikiwa na kopo na mawe ndani yake, nikisoma gazeti la zamani na kupiga kelele kila ukurasa. Wapita njia walinisalimu kwa kuniuliza kama darasa langu linaendelea vizuri. Niliwajibu kwamba wanafunzi ni wengi, na wazima.

Siku tuliyokata suke la mwisho, baba mkwe alishuka na mume wangu. Walizunguka kishamba, wakatazama vikapu, wakanong'ona. Kisha baba mkwe akamwambia mwanawe, kwa sauti iliyotufikia sisi sote tuliopaswa kuisikia, kwamba miche ile ya chai itafutiwe mahali pengine, huku chini wimbi limekaa vizuri. Mama mkwe alikuwa akifunga kikapu kwa kamba ya mgomba. Aliendelea kukifunga, ila nilimwona akirudia fundo lile lile mara tatu.

Mvua za Septemba ziliporudi, mume wangu aliipandisha miche kwenye kipande cha mwinuko nyuma ya nyumba, mahali palipokuwa na vichaka, kikapu kimoja kimoja, akilalamika njia nzima kwamba pale pana mawe. Mama mkwe alitangulia mbele yake. Yeye ambaye kwa mwaka mzima hakutaka kuisikia chai ikitajwa sasa alionyesha kila shimo lichimbwe wapi, akaukemea mche uliopinda, akamwambia mwanawe auzungushe jani lake lielekee bondeni.

"Hapa itapendeza sana," alisema. "Mngeniuliza mapema, ningewaambia."